Mtu wa Upande wa Pili wa Ubao

Hotuba kwa wanafunzi, walimu na wazazi kabla ya mashindano ya sataranji ya shule, Ngamiani, Tanga

Mwenyekiti wa shughuli, walimu, wazazi wenzangu, na nyinyi wajukuu zangu mliokaa mbele mkiziangalia kete badala ya kuniangalia mimi: asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na ambaye hayumo humo, habari za asubuhi. Itifaki imezingatiwa. Tukianza kutajana vyeo, adhuhuri itatukuta hapa na raundi ya kwanza haijapangwa.

Nimepewa dakika 20 nizungumze juu ya mabingwa wa sataranji wa dunia. Kijana aliyekuja nyumbani kunialika alisema, "Babu, waambie watoto hao watu walivyokuwa na akili." Nikaitikia, maana alikuwa ameshakunywa chai yangu na sikutaka kumvunja moyo. Lakini habari ya akili sitaisema. Akili Tanga zipo. Pita kijiwe chochote cha hapa Ngamiani baada ya alasiri, utamkuta mtu amekalia ndoo, mbele yake ubao wa drafti, kete zake vizibo vya soda, na hujasogeza kizibo chako cha pili yeye ameshakuwekea mtego wa kula tatu. Yule ana akili, na nje ya mtaa wake hakuna anayemjua. Mimi nitawasimulia juu ya mtu mwingine, yule anayekaa upande wa pili wa ubao.

Kwanza neno lenyewe. Nyinyi mnasema chesi, na si kosa. Wazee wa pwani walisema sataranji. Limeanzia India, chaturanga, jeshi la vikosi vinne: tembo, farasi, magari ya vita na askari wa miguu. Waajemi wakalipokea, Waarabu wakalitamka kwa ulimi wao, likatufikia sisi. Mfalme wa mchezo kwa Kiajemi ni shah, ndiye shaha wetu. Mnamjua shaha wa malenga, yule anayewazidi watunzi wenzake? Neno ni hilo hilo. Kwa hiyo msije mkaambiwa huu ni mchezo wa Wazungu. Wazungu wameukuta njiani kama tulivyoukuta sisi, tofauti ni kwamba wao waliuandikia vitabu.

Sasa mtu wangu wa kwanza. Anaitwa Mir Sultan Khan. Alizaliwa Punjab, upande ambao leo ni Pakistan, mwanzoni mwa karne iliyopita. Baba yake ndiye aliyemfundisha, na alimfundisha kwa kanuni za Kihindi. Askari alikuwa hana ruhusa ya kuruka nyumba mbili anapoanza safari, na mambo mengine kadhaa hayakuwa kama haya yetu ya leo. Akachukuliwa na bwana mmoja tajiri wa ardhi na mwanasiasa, Sir Umar Hayat Khan, na bwana huyo aliposafiri kwenda London mwaka 1929 akaenda naye. Fikirini mtu aliyezoea bao la kete namna moja, halafu umhamishie mji wa baridi, kanuni zimebadilika, lugha haijui vizuri, vitabu vya ufunguzi ambavyo wenzake wamevinyonya tangu utotoni yeye hakulelewa navyo. Mwaka huo huo wa 1929 akachukua ubingwa wa Uingereza. Akauchukua tena 1932. Akauchukua tena 1933.

Na alikuwa anaumwa. Malaria ilimfuata mpaka London, ikaungana na mafua na maumivu ya koo, wakati mwingine akaja mezani shingo imezungushiwa vitambaa. Wakazi wa Tanga, sina haja ya kuwaeleza malaria inafanya nini kwenye kichwa cha mtu anayetakiwa kuhesabu. Pamoja na hayo alikaa ubao wa kwanza wa timu ya Uingereza katika Olimpiadi za sataranji, na huko Hastings, kwenye mashindano ya mwishoni mwa 1930 na mwanzoni mwa 1931, alimfunga José Raúl Capablanca, aliyekuwa bingwa wa dunia kabla yake miaka michache tu. Katika nyumba ile ile ya Sir Umar alikuwemo mwanamke, anaitwa Fatima, naye akachukua ubingwa wa wanawake wa Uingereza mwaka 1933. Nyumba moja, mabingwa wawili, mwaka mmoja.

Kuna Mmarekani, Reuben Fine, aliyeandika kwamba alipokaribishwa chakula kwenye nyumba hiyo, aliyekuja kuwahudumia mezani alikuwa Sultan Khan. Bingwa amebeba sinia. Ukoo wake umeikataa picha hiyo ya utumishi, na mimi sina sababu ya kuwabishia watu juu ya babu yao. Ninachokijua ni kwamba mwishoni mwa 1933 bwana alirudi nyumbani, na Sultan Khan akarudi naye. Alikuwa hajafika hata umri wa kuitwa mzee. Akaishi mpaka 1966. Miaka zaidi ya 30, na katika miaka yote hiyo michezo yake ya maana inahesabika kwa vidole. Akawa mkulima. Watoto wake hakuwafundisha sataranji. Aliona afadhali wafanye jambo lenye faida zaidi.

Akili yake ilikwenda wapi? Haikwenda popote, ilikuwa pale pale kichwani. Kilichokosekana ni mtu wa kukaa mbele yake. Shirikisho la dunia lilimpa heshima ya ugrandmasta, cheo cha juu kabisa cha wachezaji, mwaka 2024, miaka 58 baada ya kuzikwa. Mimi habari hiyo niliisoma usiku, nikaenda nje nikakaa barazani.

Nitawaambia kwa nini. Mimi nilifundishwa mchezo huu na karani mwenzangu, enzi mkonge bado ni mkonge, ofisini, wakati wa mapumziko ya chakula. Tulicheza kila siku miaka sita. Yeye akahama, ubao ukapanda juu ya kabati, ukakaa huko miaka 19. Si kwamba nilisahau. Nilikuwa najipangia mwenyewe usiku, nyeupe mimi, nyeusi mimi. Jaribuni siku moja muone. Ukicheza na nafsi yako, mtego unaujua tangu unautega. Niliwahi kwenda ofisi moja, siitaji, kuomba chumba kimoja cha jioni watu tukutane tucheze. Nikaambiwa niandike barua. Nikaandika. Barua ile nadhani bado inasafiri.

Turudi kwa Capablanca. Huyu ni wa Havana, Kuba, alizaliwa 1888. Mchezo aliujifunza akiwa na miaka minne kwa kumtazama baba yake akicheza. Inasimuliwa kwamba siku moja baba alimchezesha farasi visivyo, mtoto akamcheka, akamwonyesha kosa, kisha akamwomba wacheze. Tangu 1916 mpaka 1924 hakufungwa hata mchezo mmoja wa mashindano. Miaka minane! Mwaka 1921 akamvua ubingwa Mjerumani Emanuel Lasker. Mwaka 1927, mjini Buenos Aires, akavuliwa na Alexander Alekhine baada ya michezo 34. Kufungwa si aibu. Lakini marudiano hayakuwahi kufanyika. Walizungumza, waliandikiana, masharti ya fedha yakavutwa huku na huku, miaka ikaenda, Capablanca akafariki New York 1942 akiwa hajakaa tena mbele ya mtu yule kugombea taji. Wapo wataalamu watakaowaeleza kwa nini Alekhine ni msanii mkubwa wa mchezo huu, na wanasema kweli, michezo yake ni mitamu. Mimi kwa jambo hilo moja sijamsamehe.

Mkitaka kinyume chake, mtazameni Anatoly Karpov na Garry Kasparov. Hawa walikuwa hawapendani, kila mtu alijua. Wakaanza mwaka 1984 mjini Moscow, Karpov akiwa bingwa wa dunia, mechi ya kufunga sita ndiyo ushinde. Karpov akatangulia kwa matano. Kisha ushindi wa sita ukakataa kuja. Sare, sare, sare, Kasparov naye akapata matatu, mpaka baada ya mchezo wa 48, mwezi Februari 1985, wakubwa wa shirikisho wakasimamisha mechi bila mshindi. Mwaka huo huo wakarudia upya, na Kasparov akawa bingwa akiwa na miaka 22. Mpaka 1990 walikuwa wamekutana kwenye mechi tano za taji, michezo 144: Kasparov ameshinda 21, Karpov 19, sare 104. Hesabu hiyo itazameni vizuri. Ukiniuliza ni nani aliyemfundisha Kasparov, nitakutajia walimu wake wawili watatu, halafu nitakwambia Karpov.

Mabinti, mmenyamaza sana. Hadithi hii inayokuja ni yenu, ila na kaka zenu wasikilize.

Huko Hungaria alikuwepo mwalimu, László Polgár. Kabla hajapata watoto alishaamini kwamba kipaji hulelewa, hakidondoki kutoka juu. Akajaliwa mabinti watatu, Susan, Sofia na Judit, yeye na mkewe wakawasomesha nyumbani na sataranji ikawa kama chakula. Wakubwa wa serikali walimsumbua. Watu husifu nidhamu ya mzee yule, wengine humlaumu kwamba aliwafanyia watoto majaribio, na mimi nina wajukuu, naelewa pande zote mbili. Lakini angalieni kitu kimoja: kila binti katika nyumba ile alikuwa akiamka anawakuta wapinzani wawili tayari wako mezani wanakunywa chai. Judit, mdogo wao, aliyezaliwa 1976, akawa grandmasta Desemba 1991 akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya grandmasta mwenye umri mdogo kuliko wote, ya Mmarekani Bobby Fischer, iliyosimama tangu 1958. Mashindano ya wanawake peke yao kwa sehemu kubwa aliyaacha, alitaka kukaa na yeyote. Akapanda mpaka nafasi ya nane duniani, si ya wanawake, ya watu wote. Mwaka 2002 mjini Moscow akamfunga Kasparov, mtu ambaye huko nyuma hakuwa na heshima kubwa kwa sataranji ya wanawake.

Na kabla yake alikuwepo Nona Gaprindashvili wa Georgia, mwanamke wa kwanza kupewa ugrandmasta kamili, mwaka 1978. Na kabla ya huyo, Vera Menchik, bingwa wa kwanza wa dunia wa wanawake tangu 1927. Wanaume waliofungwa naye walitungiwa utani, wakahesabiwa wanachama wa klabu ya Vera Menchik. Kwenye orodha hiyo yumo na Sultan Khan wetu. Vera mwenyewe bomu la Wajerumani lilimuua London mwaka 1944, pamoja na mama yake na mdogo wake.

Viswanathan Anand wa India, aliyekuja kuwa bingwa wa dunia, alifundishwa na mama yake, Susheela, akiwa na miaka sita. Baba alikuwa mtu wa reli, kazi ikawapeleka Ufilipino. Huko televisheni ilikuwa na kipindi cha mafumbo ya sataranji mchana, mtoto akiwa shuleni. Mama anakaa mbele ya televisheni, ananakili fumbo, mtoto akirudi wanalifumbua pamoja na kulituma. Zawadi ilikuwa kitabu. Walishinda mara nyingi mpaka wenye kipindi wakamwambia achukue vitabu anavyotaka, ila asitume tena. Wazazi, mama yule hakuwa bingwa wa dunia. Alikuwa na kalamu na karatasi, na alikuwepo mtoto aliporudi.

Mwaka 1988 Anand akawa grandmasta wa kwanza wa India. Wa kwanza, nchi iliyoanzisha mchezo! Leo India ina magrandmasta zaidi ya 80. Mwaka 2013 Anand alivuliwa ubingwa wa dunia na Magnus Carlsen wa Norwei, katika mji wake mwenyewe wa Chennai, na miongoni mwa watazamaji alikuwemo mtoto wa miaka saba, Gukesh. Huyo Carlsen naye, kwa taarifa yenu, alipokuwa mdogo mchezo haukumvutia sana mpaka alipotaka kumfunga dada yake mkubwa. Kisha akafika alama 2882, zile ambazo shirikisho hupimia ubora wa mchezaji, ambazo hakuna binadamu aliyezipata kabla wala baada yake kwenye mchezo wa kawaida. Dada yake sijui kama analipwa chochote. Gukesh akakua, baba yake daktari wa masikio, pua na koo akaacha kazi ili aongozane naye mashindanoni, na Desemba 2024 huko Singapore, katika mchezo wa 14 na wa mwisho, Ding Liren wa China akakosea, kijana akamaliza. Bingwa wa dunia, miaka 18. Mliona picha yake? Analia, huku anazipanga kete upya kama zilivyokuwa mwanzo.

Sasa nije Afrika, na hapa naomba walimu mniandikie vizuri maana ndipo penye fundo.

Ugrandmasta haupewi kwa mtihani wa kuandika. Kwa njia ya kawaida lazima ufikishe alama 2500, na pamoja na hizo upate vipimo, kwa kawaida vitatu, vyenye jumla ya michezo 27 au zaidi. Kipimo kimoja ni mashindano ambayo umecheza kwa kiwango cha 2600. Na ndani ya mashindano hayo sharti uwe umekaa na magrandmasta wasiopungua watatu, na wapinzani wa kutoka nchi nyingine, si wa kwenu peke yao. Mmesikia? Sheria yenyewe inasema huwezi kuwa grandmasta ukiwa pekee. Sasa kama nchi yako haina grandmasta hata mmoja, na jirani yako hana, utakaa na nani? Utapanda ndege. Mtoto wa Berlin au Budapest anapanda treni, analala kwao.

Ndiyo maana Amon Simutowe wa Zambia nampa heshima kuliko wengi waliomzidi alama. Mwaka 2000 alishika nafasi ya pili ya vijana wa dunia huko Yerevan. Kipimo chake cha mwisho alikipata Uholanzi mwaka 2007, cheo kikathibitishwa 2009, wa kwanza kusini mwa Sahara. Miaka tisa kati ya Yerevan na cheo. Kenny Solomon, mtoto wa Mitchells Plain, Cape Town, alivutwa na kaka yake aliyekuwa anacheza. Alipata cheo kwa kushinda ubingwa wa Afrika huko Windhoek, Desemba 2014. Na Bassem Amin wa Misri, daktari wa tiba kabisa, ndiye Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700. Kaskazini wametutangulia kwa sababu wana wenzao wengi wa kukaa nao, na Ulaya iko karibu nao.

Phiona Mutesi hana alama hizo. Namweka mwisho kwa sababu ndiye wa karibu, Katwe, Kampala, siku moja na kitu kwa basi. Kulikuwa na kijana, Robert Katende, akiwakusanya watoto wa mtaani kwa mpira, na wale wasiopenda mpira akawatolea ubao. Na uji. Phiona alimfuata kaka yake akakuta uji. Aliyemwonyesha farasi anavyoruka alikuwa mtoto mdogo kuliko yeye. Mwaka 2010 akaichezea Uganda kwenye Olimpiadi ya Khanty-Mansiysk, Siberia, na mwaka 2012 huko Istanbul akapata cheo, kile cha ngazi ya mwanzo kwa wanawake. Yule mtoto mdogo aliyemfundisha hakwenda Siberia. Lakini asingekaa chini siku ile, na Phiona asingekwenda.

Dakika zangu zimekwisha, naona mwalimu anatazama saa kwa adabu. Niseme la kwetu. Chumba tumekipata, mnakiona, feni moja inafanya kazi na nyingine inapiga kelele tu. Jumamosi na Jumapili, kuanzia saa nane. Mbao 14 zipo. Kete za ubao mmoja zimepungua farasi mweusi, tunatumia kizibo cha soda, mafundi wa drafti msicheke. Nawaomba wao hasa waje. Yule wa kwenye ndoo aje, kama hajui kanuni mtoto wa darasa la tano atamwelekeza kwa robo saa, na baada ya mwezi huyo mtoto atakuwa analia. Wazazi msiojua kucheza njooni vilevile, mkae mbele ya wanenu mfungwe. Haiumi sana.

Na kuna binti humu ndani, yuko mstari wa tatu, ameinamisha kichwa kana kwamba simwoni. Jumamosi iliyopita alinila malkia mchana kweupe, akanifunga, akaondoka na baiskeli yake hata chai hakusubiri. Mjukuu wangu, nimekuja na ubao wangu, ule uliokaa juu ya kabati. Niko meza ya mwisho karibu na dirisha. Nakudai marudiano, usinifanyie ya Alekhine.